Uwakili wa Laptopu: Yatafute, Uyapime na Uyapange Magemu Yako



Kijana mwenzangu, iwe uko Ngokolo au Mwadui, Kahama mjini au Kakola, Geita, Katoro, Nyarugusu au Rwamgasa, karibu tena kwenye somo letu. Leo somo lina sehemu mbili zinazokwenda pamoja: mikono na moyo. Kwa mikono, tutafungua laptopu na kuangalia magemu yaliyomo ndani yake, yako wapi, yanakula nafasi kiasi gani, na namna ya kuyaondoa au kuyapanga. Kwa moyo, tutajiuliza hayo magemu yanatutumikia au sisi ndio tunayatumikia.

Andaa laptopu yako, kalamu na karatasi. Somo hili halisomwi tu, linafanywa.

Andiko la kutafakari: Luka 16:1-13 na 1 Wakorintho 6:12.

Katika Injili hiyo ya Luka, wakili anaitwa atoe hesabu ya mali ambayo si yake. Baadaye Bwana anafundisha kwamba uaminifu wa mtu huanza kuonekana kwenye mambo madogo. Naye Mtume Paulo anawaambia Wakorintho kwamba kitu kinaweza kuwa halali, na bado mtu akakataa kutawaliwa nacho. Shika mambo hayo mawili, hesabu na uhuru. Tutayarudia mpaka mwisho.

1. KWA NINI SOMO HILI, NA KWA NINI HUKU KWETU?

Wengi wetu laptopu hatukuzikuta nyumbani. Zimekuja kwa jasho. Kuna aliyenunuliwa baada ya mpunga kuuzwa Kahama, kuna aliyenunuliwa kwa pamba, kuna ambaye baba yake alipata mgao kwenye duara akaamua safari hii hela isiishie mtaani. Mara nyingi ni laptopu iliyotumika, diski yake ni GB 256 au chini ya hapo, na muuzaji kwa wema wake anakuwekea "ofa": filamu, miziki na magemu kibao. Unafika nyumbani ukiwa na mashine iliyojaa vitu ambavyo hukuviomba na hata hujui viko wapi.

Sasa tuchukue mfano wa nyumba moja, na nadhani utaitambua kwa sababu ziko nyingi. Laptopu ni moja, watumiaji ni wanne. Dada amemaliza kidato cha sita, anataka kuomba chuo na mkopo wa Bodi ya Mikopo, na maombi yote ni ya mtandaoni. Mama ni katibu wa WAWATA kigangoni, ameweka humo orodha ya michango. Kaka anahifadhi rekodi za kwaya. Mdogo wao wa kidato cha pili anacheza gemu. Siku dirisha la maombi linakaribia kufungwa, dada anataka kuhifadhi vyeti alivyoskani, mashine inamwambia diski imejaa. Anaanza kufuta kwa hasira. Anafuta folda asiyoijua, kumbe ndani yake mlikuwa na rekodi za kwaya. Gemu bado lipo, kwa sababu alichofuta deskitopu ilikuwa picha yake tu.

Hapo umeona kilichoko hatarini. Kuna mwaka mzima wa masomo ya dada, kuna kazi ya kwaya, kuna amani ya nyumba. Na yote yangeweza kuepukwa kwa saa moja ya utulivu na maarifa kidogo. Ndiyo maana tunasema hili ni suala la uwakili.

2. KWANZA TUELEWANE: KUCHEZA GEMU NI DHAMBI?

Swali hili huulizwa kila semina ya vijana, na majibu yanayotolewa mara nyingi ni ya ukali usio na msingi au ulegevu usio na msingi. Tumsikilize mwalimu mkubwa wa Kanisa.

Mtakatifu Tomaso wa Akwino, katika karne ya 13, aliliweka swali la michezo kwenye kitabu chake kikuu, Summa Theologiae, sehemu ya pili ya pili, swali la 168. Anasimulia habari ya kale kuhusu Mtakatifu Yohane Mwinjili. Watu walimkuta anacheza na wanafunzi wake, wakakwazika. Yohane akamwomba mmoja wao aliyekuwa na upinde apige mshale. Akapiga. Akapiga tena na tena. Yohane akamuuliza kama angeweza kuendelea hivyo bila kukoma. Yule akajibu kwamba upinde ungevunjika. Yohane akamwambia kwamba akili ya mtu nayo ingevunjika kama isingelegezwa kabisa. Tomaso anakubali: roho inahitaji kupumzika kama mwili unavyohitaji, na mchezo ni mojawapo ya mapumziko hayo. Anafika mbali zaidi. Anasema kuna kosa kwenye kuzidisha michezo, na kuna kosa pia kwa mtu mkavu asiyejua kucheza wala kuwaacha wenzake wacheze.

Sisi Kanda ya Ziwa hatupaswi kushangazwa na hilo. Bibi na babu zetu walicheza bao. Wasukuma wana vyama vya ngoma vya Bagika na Bagalu vinavyoshindana kuvuta watazamaji. Kule Bujora, Kisesa, mkoani Mwanza, ambako Padre David Clement, mmisionari wa Afrika kutoka Kanada, alianzisha Makumbusho ya Wasukuma, mashindano ya ngoma ya Bulabo yanafungamana na Sherehe ya Mwili na Damu ya Kristo. Mchezo na altare vimekaa jirani. Ila angalia jambo moja: Bulabo ina majira yake. Inakuja baada ya kazi ya shamba. Hakuna anayecheza Bulabo mwaka mzima wakati mpunga unaoza.

Tomaso anatupa tahadhari tatu, na hizi ndizo zitakuwa mizani yetu leo:

Kwanza, mchezo usiwe na mambo machafu au ya kumdhuru mtu.
Pili, mchezo usikufanye upoteze utulivu wa roho yako wote.
Tatu, mchezo ulingane na mtu, wakati na mahali.

Ziandike kwenye karatasi yako. Tunaingia kwenye mashine.

3. KUTAFUTA: MAGEMU YAKO WAPI?

Wengi wanadhani gemu liko pale deskitopu linapoonekana. Picha ile ni njia ya mkato tu, ni kama kibao cha barabarani kinachoelekeza Nyarugusu. Ukiking'oa kibao, Nyarugusu bado ipo. Gemu lenyewe linaweza kuwa limejificha kwenye mojawapo ya sehemu hizi tano. Pita zote, usiruke.

Sehemu ya kwanza: orodha rasmi ya Windows. Bonyeza kitufe chenye alama ya Windows pamoja na herufi I. Ingia "Apps", kisha "Installed apps". Kwenye Windows 10 imeandikwa "Apps & features". Panga orodha kwa ukubwa kwa kuchagua "Size", ili vile vikubwa vije juu. Andika kila gemu unaloliona na ukubwa wake. Kama kompyuta ni ya zamani kidogo, kuna njia nyingine: bonyeza alama ya Windows na R, andika appwiz.cpl, kisha Enter. Utapata orodha ya programu kwa sura ya zamani.

Angalizo: humo utakuta vitu kama "Microsoft Visual C++ Redistributable". Hayo si magemu. Ni visaidizi ambavyo magemu na programu nyingine nyingi vinavitegemea. Viache.

Sehemu ya pili: ndani ya programu mama za magemu. Ukiwa na Steam, fungua "Library" uone yaliyosakinishwa. Halafu ingia "Settings", kisha "Storage", hapo utaona kila gemu na GB zake. Kwa kawaida mafaili yake yako kwenye diski C, ndani ya Program Files (x86), folda ya Steam, kisha steamapps, kisha common. Epic Games nayo ina "Library" yake, na mafaili kwa kawaida yako ndani ya Program Files. Magemu ya Xbox mara nyingi yanakaa kwenye folda ya XboxGames.

Sehemu ya tatu: magemu ya kunakiliwa. Hapa ndipo laptopu zetu nyingi zina siri. Fundi alichomeka flashi, akanakili folda nzima, akakuwekea njia ya mkato. Gemu kama hilo halikusakinishwa, hivyo halipo kwenye orodha rasmi hata ukitafuta mpaka usiku. Lishike hivi: bofya kitufe cha kulia cha mausi juu ya ile picha ya deskitopu, chagua "Open file location". Itakupeleka mpaka mlangoni kwake. Kisha rudi nyuma mpaka uone folda nzima, ibofye kulia, chagua "Properties" usome ukubwa wake.

Na kama hakuna picha deskitopu? Fungua "This PC", ingia diski C, na diski D kama ipo. Kwenye kisanduku cha kutafutia juu kulia andika size:>1GB kisha usubiri. Itakuletea kila faili linalozidi GB moja. Mengine yatakuwa filamu, mengine magemu. Ukikuta faili kubwa ndani ya folda ya Windows, liache. Hilo ni la mfumo wenyewe.

Sehemu ya nne: programu za kuigiza mashine nyingine. Wengi mnaijua PPSSPP, ile inayocheza magemu ya PSP, au PCSX2 ya PlayStation 2. Programu yenyewe ni ndogo. Mzigo ni mafaili ya magemu, mara nyingi yenye mwisho wa .iso. Ukiiondoa PPSSPP mafaili hayo yanabaki palepale. Kwenye kisanduku cha kutafutia andika *.iso uyaone yote.

Sehemu ya tano: yaliyokuja na Windows yenyewe, kama Solitaire. Haya ni madogo, wala hayana shida kubwa. Yaandike tu upite.

Wenye Mac, magemu mengi mtayakuta folda ya Applications. Ukiishika Steam, inafanya kazi vilevile.

Umemaliza? Sasa karatasi yako ina orodha. Mchimbaji wa Rwamgasa hajui jiwe lina gramu ngapi kwa kulitazama tu. Analisaga kwanza, analipima, ndipo anaamua. Na sisi tupime.

4. KUPIMA: HESABU YA WAKILI

Tufanye hesabu pamoja. Diski inayouzwa kama GB 256, Windows huionyesha kama GB 238 hivi, kwa sababu mtengenezaji na Windows hawahesabu kwa kipimo kimoja. Microsoft wanataka diski isiyo chini ya GB 64 kwa ajili ya Windows 11. Tuseme tunaiachia Windows na masasisho yake nafasi hiyo. Zinabaki 174. Gemu la mpira la FIFA 23 linataka GB 100. Zinabaki 74. Grand Theft Auto V ilipotoka kwenye kompyuta mwaka 2015 ilitaka GB 65. Zinabaki 9. Magemu mawili tu, na familia nzima imebakiwa na GB 9 kwa masomo, rekodi za kwaya, picha za Komunyo ya Kwanza za mdogo wako na kila kitu kingine. Bwana Yesu, kwenye Luka 14, anamzungumzia mtu anayetaka kujenga mnara: anakaa chini kwanza ahesabu gharama. Hii ndiyo hesabu yenyewe.

Sasa chukua zile tahadhari tatu za Mtakatifu Tomaso. Kila gemu kwenye orodha lipitishe hapo.

Je, kuna uchafu au madhara? Angalia alama ya umri. GTA V imepewa daraja la miaka 18 Ulaya na 17 Marekani, kwa hiyo kama mdogo wako wa miaka 14 ndiye anayelicheza, jibu unalo. Usijidanganye kwamba "ni katuni tu". Kinachopita machoni kila siku kinaacha kitu moyoni.

Je, linakupotezea utulivu? Jichunguze kwa ukweli. Ukishindwa unatukana? Mama akikuita unaitika kwa ukali? Usiku ukifunga macho kusali Rozari unaona gemu? Hizo ni dalili kwamba upinde haulegezwi tena, umepewa kazi nyingine.

Je, linalingana na mtu, wakati na mahali? Gemu dogo la mpira Jumamosi jioni, kazi zimekwisha, mnacheza na mdogo wako mnacheka, hilo ni zuri. Gemu hilohilo saa nane usiku wiki ya mtihani ni jambo jingine kabisa. Au unacheza ofisini, kwenye kompyuta ya mwajiri aliyekuamini.

Mbele ya kila gemu andika herufi moja: B kwa kubaki, H kwa kuhamishwa, O kwa kuondolewa.

5. KUPANGA: KUONDOA, KUHAMISHA, KUBAKIZA

Kabla ya kugusa chochote, fanya mambo mawili.

La kwanza, waulize wenzako nyumbani. Laptopu ya familia ni mali ya pamoja. Mdogo wako anaweza kuwa amecheza miezi mitatu kufika alipofika. Kumfutia bila kumwambia ni ubabe, hata kama unasema unamsaidia. Hatua za mchezo mara nyingi zinahifadhiwa mbali na gemu lenyewe: kwenye "Documents", kwenye "Saved Games", au kwenye folda utakayoifikia kwa kubonyeza alama ya Windows na R, kuandika %appdata% na kubonyeza Enter. Minecraft, kwa mfano, huweka mambo yake humo kwenye folda ya .minecraft. Nakili kwenye flashi kabla ya kuondoa.

La pili, nakili vya muhimu mahali pengine: vyeti, rekodi za kwaya, hesabu za jumuiya. Usifanye usafi wa nyumba huku mtoto amelala kwenye takataka.

Sasa endelea.

Gemu lililoko kwenye orodha rasmi: nenda "Installed apps", bofya vile vinukta vitatu mbele yake, chagua "Uninstall". Usiende kufuta folda yake kwa mkono, maana utaacha mabaki na makosa.

Gemu la Steam au Epic: liondoe kutoka ndani ya Steam au Epic yenyewe. Kama umelinunua au umelichukua kihalali, haki yako inabaki kwenye akaunti. Siku ukitaka unalishusha tena. Kwa hiyo usiogope kuondoa.

Gemu la kunakiliwa: futa folda nzima, halafu ufute njia yake ya mkato. Kisha fungua Recycle Bin uimwage. Usipoimwaga, folda imehama chumba tu, nafasi hairudi.

Mafaili ya .iso: vivyo hivyo, futa kisha mwaga.

Gemu la kuhamishwa: kama una diski D yenye nafasi au diski ya nje, kwenye Steam ingia "Storage", chagua gemu, kisha "Move". Gemu la kwenye flashi litafunguka taratibu, lakini diski kuu itapumua.

Ukimaliza, zima kompyuta uiwashe, kisha angalia "Settings", "System", "Storage". Linganisha nafasi ya sasa na ya mwanzo. Andika tofauti.

6. BANDO NA HELA ZINAZOVUJA

Kuna kitu kinawaumiza vijana wengi bila kujua. Unaweka bando asubuhi kwenye simu, unaiunganisha na laptopu utume barua ya kuomba kazi, dakika ishirini bando limekwisha. Nani amekula? Mara nyingi ni programu mama ya magemu, inajiwasha yenyewe na kushusha masasisho kimyakimya.

Bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja. Tafuta "Startup apps", au "Startup" kwenye Windows 10. Chagua Steam, Epic na wenzake, bofya "Disable". Hawafutwi, wanazuiwa tu kuamka kabla yako. Kisha nenda "Network & internet", fungua mtandao wa simu yako, washa "Metered connection". Windows itajua kwamba intaneti hii ni ya kupimwa na itapunguza ushushaji wake.

Hela nayo inavuja. Magemu mengi ya bure yanakufungulia mlango, halafu ndani yanakuuzia masanduku ya bahati: unalipa bila kujua utapata nini. Kijana wa machimboni, hiyo unaifahamu. Dubwi liko kila kona na umeona walioacha mgao wa mwezi mzima humo. Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba 2413, inafundisha kwamba michezo ya bahati haipingani na haki yenyewe kwa yenyewe, lakini inakuwa haikubaliki inapomnyang'anya mtu kinachohitajika kwa maisha yake na ya wengine, na kwamba tamaa yake inaweza kugeuka utumwa. Kwa hiyo gemu linalokudai hela kila wiki lipe herufi O bila kujadiliana nalo.

7. JE, MAGEMU YA "KRAKI"?

Hapa tuseme ukweli kwa upole, maana ndipo wengi tulipo. Magemu mengi ya kwenye flashi za mtaani yamevunjwa kufuli. Hayakununuliwa.

Upande wa mashine: aliyevunja kufuli hukujui wala hakupendi. Mara nyingi maelekezo yanakuambia uzime kinga ya virusi kwanza. Yaani mtu anakuomba umfukuze mlinzi ndipo aingie na mzigo ambao hutaukagua. Humo ndimo hupita virusi vinavyoiba nywila na kuharibu mafaili. Na kama bado unatumia Windows 10, kumbuka msaada wake wa kawaida kutoka Microsoft ulikoma tarehe 14 Oktoba 2025, kwa hiyo uangalifu wako uongezeke.

Upande wa sheria: Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 hapa Tanzania inalinda programu za kompyuta.

Upande wa dhamiri: Amri ya Saba. Huku kwetu, mtu akiingia usiku kwenye duara la mwenzake akatoka na mifuko ya mawe, hakuna anayesema "si mawe tu". Utanijibu: mwenye mawe anapungukiwa, mwenye gemu hapungukiwi, gemu lake bado analo. Sawa. Basi fikiria kwaya ya parokia yako. Wamechanga, wamekodi studio, wamerekodi albamu ili wapate hela ya kinanda. Wiki ya pili kila mtu anairusha kwa flashi bure. Nyimbo bado wanazo. Kinanda hakuna. Kilichochukuliwa ni malipo ya jasho lao, na anayetengeneza gemu naye ana jasho.

Najua bei ni kubwa na wengi hatuna kadi za kulipia nje. Lakini yapo ya halali yasiyo na gharama. SuperTuxKart ni mbio za magari madogo, haina matusi wala damu, na inakwenda hata kwenye laptopu ya kawaida. 0 A.D. ni ya kujenga miji na kupanga vita vya kale, inachosha akili vizuri. GCompris inawafaa wadogo wanaojifunza hesabu na herufi. eFootball ya Konami inachezwa bure kwa wapenzi wa mpira, ila uangalie ule mlango wa manunuzi. Ondoa la kraki, weka mojawapo ya haya, na usimnakilie mwenzako lile la zamani. Kama dhamiri inakusumbua kwa sababu uliyauza kwa wengine, nenda kwa paroko wako, ongea naye kwenye kitubio. Atakuelekeza namna ya kufidia.

8. BAADA YA DISKI, SAA

Ukiondoa GB 100 na ukabaki unacheza saa tatu kila siku, umesafisha diski lakini hujajisafisha mwenyewe. Piga hesabu: saa 3 kwa siku 7 ni saa 21 kwa wiki. Kwa wiki 52 ni saa 1,092, yaani zaidi ya siku 45 nzima, mchana na usiku. Kwa muda huo mtu anajifunza kushona, kupiga kinanda, au kurudia masomo ya hesabu aliyoyafeli.

Mtakatifu Carlo Acutis alizaliwa London mwaka 1991, akakulia Milano, akafariki kwa saratani ya damu mwaka 2006 akiwa na miaka 15. Papa Leo XIV alimtangaza mtakatifu tarehe 7 Septemba 2025. Kijana huyu alipenda kompyuta kuliko wengi wetu, akatengeneza tovuti ya kuorodhesha miujiza ya Ekaristi. Alikuwa pia na PlayStation, na inasimuliwa kwamba alijiwekea saa moja tu kwa wiki. Hakuitupa mashine. Aliipa mpaka. Hiyo ndiyo fadhila ya kiasi inayoelezwa na Katekisimu namba 1809: kuwa na raha, na wewe kubaki bwana wa raha hiyo.

Weka mpaka wako kwa maandishi. Labda saa moja Jumamosi na moja Jumapili baada ya Misa na jumuiya. Tumia saa ya simu ikulie. Mpe mtu mmoja mnayeaminiana, mwana VIWAWA au TYCS mwenzako, akuulize kila Jumapili.

KAZI YA WIKI HII

Kwanza, maliza orodha yako ya magemu na herufi B, H, O.
Pili, toa angalau yale ya O na uandike GB ulizorudisha.
Tatu, tengeneza folda ya kila mtu nyumbani, yenye jina lake, ili kazi ya mtu isipotee tena.
Nne, msaidie mtu mmoja mtaani au kigangoni kufanya hivihivi, bila kumtoza.

MASWALI YA KUTAFAKARI

Kama leo ningeitwa kutoa hesabu ya mashine hii, ningeonyesha nini kwa furaha?
Ni gemu gani ambalo nikifikiria kuliondoa moyo unakataa? Kwa nini hilo?
Nani nyumbani anakosa nafasi kwa sababu yangu?

TUSALI

Ee Bwana Yesu, umetupa mikono ya kufanya kazi na moyo wa kufurahi. Asante kwa wazazi wetu waliotoa jasho shambani na ardhini ili sisi tupate kusoma. Tufundishe kucheza kama watoto wako na kufanya kazi kama mawakili wako. Tunapofungua kompyuta, uwe mbele ya macho yetu. Tunapoizima, tukukute wewe na ndugu zetu bado tupo pamoja. Mtakatifu Carlo Acutis, utuombee. Mama Maria, utuombee. Amina.

Nafasi ikipatikana kwenye diski, usikimbilie kuijaza. Iache wazi kidogo, kuna mtu nyumbani ataihitaji.

Tumsifu Yesu Kristo. Milele amina.